Mzigo wa Kilo Kumi na Nane

Usiku wa jana niliota niko kwenye foleni ya mizani, getini, na nimevaa viatu vya mlimani chini ya gauni la kulalia. Hakuna aliyeshangaa. Hata mimi sikushangaa, maana kamba za viatu zilikuwa zimefungwa vizuri.

Kwa asiyejua kazi yetu: mpagazi hapandi mlima mpaka mzigo wake upimwe getini. Kilo ishirini, basi. Ukizidisha, kinachozidi kinatolewa na kupewa mpagazi mwingine. Nimeishi na sheria hiyo miaka saba, nikibeba mahema, majiko na mayai trei nne kichwani bila kupasua hata moja. Mwaka huu nikaanza kujifunza kuongoza wageni. Safari yangu ya mwisho ya majaribio inaanza leo. Nikienda na kundi na kurudi nalo salama, napata cheti. Nisipoonekana ofisini saa tatu asubuhi, nafasi anapewa mwingine.

Na sikuwa na mpango wa kuonekana, hilo nalo lijulikane. Kabla ya kulala niliandika barua ya kujitoa, nikaikunja mara nne, nikaitia ndani ya kiatu cha kushoto ili nisije nikaisahau.

Sababu ya barua ni sentensi moja. Safari iliyopita, juu kabisa kwenye mawe, nilikaa chini nikashindwa kuinuka. Miguu ilikuwa mizima. Kilichoisha ni kichwa. Tangu siku ya kwanza nilikuwa nawaza kikohozi cha mgeni, gesi ya mpishi, mvua, na pasi niliyoiacha nyumbani. Nilipofika pale sikuwa na wazo hata moja lililobaki la kuniambia nyanyua mguu. Nilikaa nusu saa nikitazama mchanga kama kuku aliyenyeshewa. Kisha nikainuka, nikafika juu, nikashuka na wageni wote. Lakini jioni, kambini, watu kumi na tisa wakiwa wanakula ugali, kiongozi wetu Nderingo, ambaye sote tunamwita Chifu, alisema kwa sauti ya kutosha: "Miguu unayo, Aikande. Kichwa cha mlima huna."

Watu wakaendelea kutafuna. Mimi niliumia, na bado naumia, sioni sababu ya kuficha.

Basi, ndotoni foleni inasogea. Zamu yangu inafika.

"Weka mzigo, mama," inasema mizani. Ni ile ile ya siku zote, ya kuning'inia, yenye ndoano na uso wa duara, ila leo imevaa tai.

Naning'iniza begi. Kilo kumi na tano.

"Na wa kichwani."

"Kichwani sina kitu."

Nilikuwa na ngata tu, ile ya kitenge cha kijani chenye picha za kuku, ninayoizungusha na kuiweka utosini ili mzigo usiniumize. Imekaa kichwani mwangu miaka saba na inanijua kuliko ndugu zangu.

"Wote husema hivyo," inajibu mizani. "Inama."

Nikainama. Ndoano ikanigusa utosini, mshale ukazunguka, ukapita ishirini, ukapita thelathini, ukasimama kwenye arobaini na moja.

"Umezidisha. Fungua kichwa."

Nikaieleza kwa heshima zote kwamba kichwa cha mtu hakifunguki. Ikaniambia kuna zipu nyuma ya sikio la kulia. Nikapapasa. Zipu ilikuwepo, tena haina hata kutu, na mimi nina miaka thelathini na moja sijawahi kuiona.

Tukaanza kutoa vitu na kuvipanga mezani. Ikatoka pasi, imewaka, inafuka moshi: kilo tatu. Kikatoka kikohozi cha mgeni, kimefungiwa kwenye kopo la maziwa, kinakohoa humo humo: kilo mbili. Zikatoka ndoo mbili za mvua ambayo bado haijanyesha: kilo kumi. Akatoka shangazi yangu Mama Elinami, amekaa kwenye kiti chake, mkoba mapajani, ananiuliza nitaolewa lini. Shangazi alikuwa na kilo sita tu. Miaka yote nilidhani ni mzito kuliko hapo.

"Pasi inabaki," inasema mizani. "Kikohozi kinabaki, mwenyewe ameshapona na yuko kwao. Mvua ambayo haijanyesha haipandi mlima. Ikitaka kukukuta, itakukuta huko huko."

"Na shangazi?"

Shangazi akasema yeye hakai getini kama kuku wa kuuzwa, ana kikao cha harusi saa nane. Akanyanyuka na kiti chake, akaondoka.

Kikabaki kitu kidogo kilichofungwa kwenye karatasi ya fedha. Mizani ikakifungua kwa ncha ya ndoano. Ndani mlikuwa na kaa la moto.

"Hasira. Kilo mbili. Hii iache, inakula sana akili njiani."

"Hiyo siachi."

"Kanuni inasema mtu apande na moyo mtulivu."

"Aliyeandika kanuni alibeba nini?"

Mizani ikatazama pembeni. Nikaiambia kilo mbili si nyingi, na kwamba nitaitumia yote, hakuna kitakachorudi chini. Ikarekebisha tai yake, ikasema haya, lakini isizidi hapo.

Halafu tukafika kwenye gunia.

Lilikuwa chini kabisa, limeziba nusu ya kichwa. Mizani ililivuta kwa shida. Lilipotua mezani likasema, kwa sauti ya Chifu, kama mtu anayetafuna: "Kichwa cha mlima huna."

"Kilo kumi na nane," ikasema mizani. "Hili huwezi kwenda nalo. Mpe anayefuata. Wengi hufanya hivyo."

Nikageuka. Nyuma yangu kwenye foleni amesimama Nakiete, mama wa watoto wawili, jirani yetu. Nakiete yupo kweli, si wa ndotoni. Wiki ijayo anaanza upagazi, na viatu amenunua vya mtumba, vipya kabisa kwa macho yake. Alikuwa ameshakunjua mikono kupokea.

"Lete tu, dada," akasema. "Nasikia kila anayeanza hupewa."

Nilitaka kumpa. Sitajifanya mwema. Nililiinua kabisa gunia, shingo ikaanza kupata nafuu, na mikono ya Nakiete ilikuwa pale pale. Kisha nikaona anavyojiweka sawa kulipokea, magoti yakiwa yameshakunjika kabla hata sijampa, nikashikwa na uchungu.

"Hubebi hili," nikamwambia. "Rudisha mikono."

Hapo nikakumbuka kazi yangu. Mlimani hakuna begi lisilo na kibandiko. Jina la mwenye mzigo linaandikwa, linafungwa kwa kamba, ili jioni kila begi lifikishwe kwenye hema la mwenyewe. Nikazungusha gunia nikitafuta. Kibandiko kilikuwepo. Juu kabisa majina ya watu nisiowajua, yamekatwa, wino umefifia. Kisha "Nderingo," kwa kalamu ya wino, limekatwa. Chini yake, kwa penseli, "Aikande."

Nikatia mate kidoleni, nikafuta jina langu. Penseli haina ubishi. Halafu nikachukua kalamu ya mizani na kuliandika upya lile la Nderingo, kwa herufi kubwa.

"Mwenye mzigo huyu hapa," nikasema.

"Yuko juu."

"Basi naupeleka juu. Mimi ni mpagazi, nabeba mizigo ya watu. Lakini naifikisha kwa wenyewe."

Mizani ikapiga hesabu. Begi langu la kilo kumi na tano nililiacha mezani. Gunia kumi na nane, hasira mbili. Ishirini kamili.

"Pita," ikasema, na sauti yake haikuwa ya furaha.

Napanda. Gunia liko juu ya ngata, hasira iko mfukoni, na mkononi nina chupa ya chai ambayo sikumbuki kupewa. Kwenye kiatu cha kushoto barua inajisoma yenyewe kila nikikanyaga: ninaomba, kujitoa, ninaomba, kujitoa.

"Mimi ndimi akili zako za leo," inasema chupa ya chai. Ina sauti ya mwanamke anayegawa chakula msibani na anajua hakitatosha. "Vikombe vitano. Ukinimaliza njiani, sijazwi tena."

Nikauliza kama kweli nimezima pasi.

"Vimebaki vinne," ikasema chupa.

Sikuiulizia pasi tena.

Sheria za mlima tunazowaambia wageni kila siku huwa tunazisema tu, kama mtu anavyosema karibu tena. Huko zilikuwa zinafanya kazi. Tunawaambia fikiria hatua moja tu. Basi njia nzima ilikuwa na hatua moja, ubao mfupi kama wa kukatia vitunguu. Napanda juu yake, nashuka, nauokota, nauweka mbele, napanda tena. Ubao unalalamika kwamba nina kisigino kizito. Tunawaambia usitazame kilele. Mgeni mmoja mbele yangu alitazama, na kilele kikanyanyua sketi yake ya theluji kikarudi nyuma hatua kumi, kwa adabu, kama mtu anayepisha mwenzake kwenye kochi. Mgeni akatazama tena kuhakikisha. Kikarudi nyuma tena. Mimi niliinamisha uso nikaupenda ubao wangu.

Bila njia kupinda, niko darasani, darasa la nne, nimebanwa kwenye dawati na gunia kichwani. Mwalimu ni bakuli la bisi, zile tunazowapa wageni saa kumi jioni na chai.

"Nani ataniambia umebaki mwendo gani?" anauliza mwalimu.

Mikono inanyooshwa. Mmoja anasema saa sita. Chupa yake ya chai inamwagika yote sakafuni. Mwingine anasema saa nne na nusu ukienda vizuri. Yake inapasuka.

"Aikande?"

"Sijui, mwalimu."

"Husemi hata kwa kukisia?"

"Sijui, na sitaki kujua."

Bisi zikaruka kwa hasira, mbili zikaanguka chini. Lakini mwalimu alilazimika kunipa alama ya vema, maana ndilo lilikuwa jibu. Nikaandikiwa kwenye ubao wa kukanyagia, nikatoka nao.

Kisha mawe. Nililijua lile jiwe kabla halijanisalimia.

"Umerudi," likasema. "Nafasi yako nimekutunzia. Bado ina joto."

Nilikuwa na vikombe vinne, gunia linanirudia kichwani maneno yale yale, barua kiatuni imefika kwenye wako mtiifu. Kila kitu kilikuwa kinaniambia nipite haraka nisitazame.

Nikakaa.

"Safari ile nilikaa kwa kuishiwa," nikaliambia jiwe. "Leo nakaa kwa kutaka. Kuna tofauti, uijue."

Nikamimina kikombe kimoja, nikanywa chote polepole, bila kuwaza mtu wala kitu. Nadhani chupa ilikuwa haijawahi kunywewa kwa utulivu, muda wote watu wanaimwaga tu.

"Nderingo naye alikaa hapo," likasema jiwe. "Mwaka wake wa kwanza. Alilia. Dakika arobaini."

"Arobaini?"

"Ninazihesabu, sina kazi nyingine. Kiongozi wake akaja, hakumpa hata maji. Alimpa hilo gunia."

Nilikaa na habari hiyo. Nilitegemea nitafurahi, kwa kweli nilitamani kufurahi. Dakika kumi zaidi yangu. Lakini nilichokiona ni kijana amekaa pale nilipokaa, kamasi zimeganda, anapewa mzigo wa mtu mwingine na anashukuru. Hilo likanikasirisha upya, na safari hii si kwa ajili yangu peke yangu. Mfukoni kaa likawaka.

Kaa hilo ndilo nililopandia. Sehemu ya mwisho ni changarawe, unaenda mbele moja unarudi nusu, na baridi inakung'ata vidole. Niliweka mkono mfukoni, joto likapanda mpaka begani. Gunia likasema kichwa cha mlima huna. Nikaliambia kichwa hicho hicho ndicho kimekubeba, tena hujadondoka. Likarudia, ila kwa sauti ya chini. Naweka ubao. Napanda. Nauokota. Sikutazama juu hata mara moja, na kwa kuwa sikutazama, kilele hakikupata nafasi ya kukimbia. Nikagonga kitu kwa kichwa. Ulikuwa mlango.

"Hodi."

"Karibu."

Ni sebule ya Chifu, nyumbani kwake Rau, ninaijua, nimewahi kupeleka mahema pale. Makochi yamevikwa vitambaa vya kufuma, televisheni nayo imevikwa. Chifu amekaa na soksi, anakunywa chai. Kibao cha kilele, kile watu wanachopigia picha, kiko nyuma ya kochi, kimetundikiwa kofia.

"Shikamoo, Chifu. Nimeleta mzigo wako."

"Marahaba. Mzigo gani?"

Nikautua mbele ya miguu yake, taratibu, kama tunavyotua begi la mgeni. Gunia likasema sentensi yake. Chifu akaweka kikombe chini.

"Huo nilikupa wewe."

"Ulinibebesha. Sikukataa kubeba, ndiyo kazi yangu, nimeubeba mpaka juu. Sasa umefika kwa mwenyewe. Soma kibandiko."

Alisoma. Alisoma mpaka majina ya juu yaliyofifia, akayagusa kwa kidole.

"Nilikuwa na miaka ishirini na mbili," akasema.

"Najua. Jiwe limeniambia."

"Limekwambia dakika ngapi?"

"Arobaini."

"Thelathini na nane," akasema Chifu. Sikumbishia, sebule ilikuwa yake.

Akauliza aufanyie nini. Nikamwambia aushushe mwenyewe, na njiani asimpe Nakiete, wala mwingine yeyote mwenye viatu vipya. Ukifika getini auache uozee huko. Alisimama, akajaribu kuuinua kwenda kichwani, akaguna. Miaka kumi na tano hajabeba kitu kizito kuliko redio ya mawasiliano, na utosi wake ulikuwa laini kama wa mtoto.

Nilitia mkono mfukoni. Kaa lilikuwa limeisha, mlikuwa na majivu tu. Nikavua ngata yangu, nikaizungusha vizuri, nikamwekea kichwani.

"Bila hii utaumia," nikamwambia. Wagumu, kama tunavyojiita sisi wa mizigo, hatumwachi mtu abebe utosi mtupu, hata kama ni yeye.

"Asante, Aikande."

"Nenda taratibu, Chifu."

Alitoka na soksi zake, gunia kichwani, akizishika kuta. Chupa ya chai ikaniambia vimebaki vikombe vitatu. Nikakaa kwenye kochi lake, nikanywa kimoja, na hapo ndipo nilipotazama juu kwa mara ya kwanza. Nilikuwa nimefika.

Nikaamka. Kumeshaanza kupambazuka, kwa jirani kuna mtu anafagia uwanja. Kitu cha kwanza nilikwenda kuangalia pasi. Imezimwa, imekaa mahali pake, ya baridi. Kitu cha pili nilitazama nyuma ya mlango, kwenye msumari ninaotundika ngata. Msumari upo. Ngata haipo.

Nilitafuta chini ya kitanda, kwenye begi, kwenye kapu la nguo chafu. Ndipo simu ikalia.

"Aikande, umeamka?"

"Nimeamka, Chifu. Shikamoo."

"Marahaba." Akakohoa. "Leo nitachelewa kidogo getini. Shingo imenikaza tangu nimeamka, siwezi hata kugeuka. Sijui nimelalaje."

"Pole sana."

"Asante." Halafu akauliza: "Hivi wewe ngata yako ni ya kitenge gani?"

"Cha kijani. Chenye kuku."

Nyuma ya Chifu nilimsikia mke wake, na ilikuwa wazi kwamba hiyo si mara ya kwanza anauliza: "Baba Gileadi, nasema hiki kitambaa kwenye kochi ni cha nani?"

"Mwambie mama ni cha kazini," nikasema. "Na uje nacho, nitakihitaji. Saa tatu nipo ofisini. Na Nakiete akianza wiki ijayo, Chifu, apewe begi lake tu."

"Sawa," akasema, kwa sauti ya chini. "Begi lake tu."

Nikakata simu. Nikaketi kitandani, nikavaa kiatu cha kulia, kisha nikatia mguu kwenye cha kushoto. Barua ilikuwa bado mle ndani, imekunjwa mara nne. Sikuitoa. Niliikanyaga, nikakaza kamba.